Parsifal ya Wagner: ni misa, ni mafundisho ya Buddha, au ni sumu? Na uanze na rekodi ipi

Ukimtajia mwalimu wa Kiswahili wa chuo kikuu jina la Bayreuth, kitakachomjia kichwani kwanza ni Kongamano la Kiswahili: mawasilisho ya ngeli, tenzi, lahaja, na mijadala inayoendelea hadi kwenye meza ya chakula. Katika mji huohuo, juu ya kilima, lipo jumba la maonyesho lililojengwa kwa ajili ya kazi za mtu mmoja tu, Richard Wagner. Humo, tarehe 26 Julai 1882, ndimo ilimofunguliwa Parsifal, opera yake ya mwisho. Miezi saba haijatimia, mwenyewe akafariki Venice. Tangu hapo watu hawajaacha kuigombania. Wapo wanaoiendea kama waendavyo kanisani, wapo wanaosema ni dini ya kuigiza, na wapo wanaosema chini ya moshi ule wa ubani kuna sumu.

Wanakwaya wenzangu huniuliza maswali mawili kuhusu kazi hii. La kwanza: je, ni ya Kikristo, mtu anaweza kuisikiliza Ijumaa Kuu bila dhamiri kumsuta? La pili: nianze na rekodi ipi, maana ziko tele na kila moja ni ndefu kama safari ya basi kutoka Dar hadi Morogoro? Zamani niliyajibu mbalimbali. Sasa naona ni swali moja. Kila mwongozaji wa okestra aliyeishika Parsifal amekwisha kulijibu lile la kwanza kabla wewe hujabonyeza kitufe, na ukichagua rekodi umechagua tafsiri, upende usipende.

Kisa chenyewe kwa mkato. Kuna undugu wa mashujaa wanaotunza Kikombe Kitakatifu na mkuki uliomchoma Kristo ubavuni. Mfalme wao, Amfortas, alitoka na mkuki huo kwenda kumpiga mchawi Klingsor, akanaswa na mwanamke njiani, akanyang'anywa mkuki na kuchomwa nao. Jeraha halifungi. Unabii unasema atakayemponya ni mjinga asiye na doa, atakayepata ujuzi kwa njia ya huruma. Anatokea kijana aliyemuua batamaji kwa mshale bila sababu; mzee Gurnemanz anampeleka akaone ibada ya Kikombe, haelewi kitu, anafukuzwa. Tendo la Pili yuko kwenye bustani ya Klingsor. Kundry, mwanamke yuleyule aliyemnasa mfalme, anambusu, na badala ya kuyeyuka kijana anapiga ukelele: amelisikia jeraha la Amfortas mwilini mwake mwenyewe. Anauchukua mkuki. Tendo la Tatu ni Ijumaa Kuu, miaka mingi baadaye: anarudi, anambatiza Kundry, anamponya mfalme, anakifunua Kikombe. Na Kundry anaanguka chini, roho imemtoka.

Kuna kichekesho kidogo kwa msikilizaji wa Nairobi au Dar. Wagner aliamini, kwa kumfuata msomi mmoja wa Kijerumani, kwamba jina Parsifal lina asili ya Kiarabu, "fal parsi", mjinga aliye safi, na akamtia Kundry maneno hayo kinywani. Wajuzi wa Kiarabu hawakulikubali kamwe. Lakini mtu aliyezoea kuitwa "fala" barabarani hawezi kulisikia jina hilo bila kutabasamu, na kwa bahati njema tabasamu hilo limeangukia mahali pake.

Misa, au mchezo wa misa

Tafsiri ya Kikristo ndiyo inayokaa juu kabisa, kwa hiyo ndiyo wengi huianza. Wagner mwenyewe hakuiita kazi hii opera. Aliiita Bühnenweihfestspiel, yaani, kwa Kiswahili cha kukisia, sherehe ya kuliweka wakfu jukwaa. Mna karamu ya mkate na divai, mna kuoshwa miguu, kupakwa mafuta, ubatizo, na kengele zenye noti nne zinazokuita kwenye ukumbi wa ibada. Muziki unaokiwakilisha Kikombe ni Amina ya Dresden, kipande kifupi kinachopanda ngazi taratibu, kilichokuwa kikiimbwa makanisani Saxony; Mendelssohn naye alikitumia kwenye simfoni yake ya Matengenezo. Wagner alizaliwa Leipzig mwaka 1813 na alifanya kazi Dresden, hivyo Amina hiyo aliinyonya tangu utotoni. (Walutheri wa Kilimanjaro wasishangae wakihisi wanaufahamu moyo wa muziki huu: Misheni ya Leipzig, iliyoanza kazi huko mwaka 1893, ilitoka kwenye ardhi ileile.)

Sasa tazama kwa karibu. Katika maneno yote ya opera hii jina la Yesu halitajwi hata mara moja, wala la Kristo. Kuna "Mkombozi" tu. Hakuna padri. Na kwenye ibada ya Tendo la Kwanza vijana wanaimba jambo ambalo lingemfanya katekista yeyote asimame: kwamba zamani divai na mkate viligeuzwa kuwa damu na mwili, na leo damu na mwili vinageuzwa kuwa divai na mkate wa kuwapa nguvu. Ni misa iliyotembea kinyumenyume. Hilo si kosa la uandishi. Mwaka 1880 Wagner alichapisha insha kuhusu dini na sanaa, akadai kwamba dini inapokauka na kubaki maumbo matupu, ni juu ya sanaa kuokoa kiini chake kwa kuzichukua alama zake kama mafumbo. Kwa maneno mengine, alikuwa anaikopa madhabahu.

Mwanafalsafa Nietzsche, aliyewahi kuwa rafiki yake wa karibu, alimshutumu kwa kuangukia miguuni pa msalaba. Alivyoukosea msalaba wenyewe ndivyo alivyoupatia muziki: Januari 1887 aliusikia utangulizi wa Parsifal huko Monte Carlo, akamwandikia rafiki yake akiuliza kama Wagner aliwahi kutunga kitu bora kuliko kile. Mshtaki amegeuka shahidi wa utetezi.

Huruma, lakini si huruma yetu

Tafsiri ya pili inapita Frankfurt kwa mwanafalsafa Schopenhauer na kuendelea mpaka India. Mwaka 1856 Wagner aliandika mpango wa opera ya Kibuddha, Die Sieger, ambayo hakuitunga. Mifupa yake iko humu. Kundry amekwisha kuishi kwa majina mengine. Klingsor anamwita Herodia, na majina zaidi. Wasichana-maua wa bustanini ni kama binti za Mara, pepo mshawishi, waliotumwa kumjaribu Buddha, na mkuki wa Klingsor ukitupwa unasimama hewani juu ya kichwa cha Parsifal, kama silaha za Mara zilivyoshindwa kumgusa aliyeketi chini ya mti. Yule batamaji wa Tendo la Kwanza, ambaye Mkristo anaweza kumpita tu, kwa tafsiri hii ndiye somo la kwanza: kiumbe kinaumia, na kijana hajui kuwa ni yeye aliyeumiza.

Hapa lugha yetu inatusaidia na kutukwamisha kwa pamoja. Neno la Kijerumani ni Mitleid. Tunalitafsiri "huruma", na hatuna budi, lakini huruma yetu ina ngazi: aliye juu humhurumia aliye chini, Mungu humrehemu mja, tajiri humhurumia maskini. Mitleid limeundwa kwa "pamoja" na "maumivu". Ni kuumia pamoja, bila ngazi. Ndiyo maana busu la Kundry halimletei Parsifal wazo wala kanuni. Linamletea kidonda. "Amfortas! Jeraha!" Ukishalishika hili, nusu ya opera imekufungukia.

Muziki unaliunga mkono kuliko maneno. Utangulizi unaanza na melodia moja isiyo na kitu chini yake, fidla, selo, klarineti na basuni zote kwenye noti zilezile, na mapigo yamefichwa hata mguu hauwezi kugonga sakafu. Hiyo ndiyo melodia ya karamu takatifu. Isikilize katikati yake: inajipinda, inauma. Pindo hilo Wagner atalikata baadaye na kulifanya jeraha la Amfortas. Na noti nne za kupanda zinazofuata atazikata kuzifanya mkuki. Ibada, jeraha na chombo kilichojeruhi vimetoka kwenye mstari mmoja. Mwishoni Parsifal anaimba kwamba jeraha litafungwa na mkuki uleule uliolifungua, na wahenga wetu walikwisha kulisema kwa maneno matano: dawa ya moto ni moto. Lakini masikio yalikuwa yameambiwa hivyo tangu dakika ya kwanza, kabla pazia halijafunguliwa.

Damu

Tafsiri ya tatu haina budi kusemwa waziwazi, na anayekuuzia Parsifal bila kuitaja anakuficha jambo. Mwaka 1850 Wagner aliandika makala ya kuwashambulia Wayahudi katika muziki, akajificha nyuma ya jina la bandia. Mwaka 1869 akaitoa tena kwa jina lake. Mwaka 1881, akiwa bado anaipangia Parsifal vyombo vyake, alimkaribisha nyumbani Gobineau, yule Mfaransa aliyeandika juu ya kutolingana kwa jamii za watu, na akaandika insha inayozungumzia kuoza kwa jamii hizo na damu ya Kristo kama dawa. Ukirudi kwenye opera na hayo kichwani, undugu wa wanaume wanaotunza damu safi, ulioharibika kwa kuguswa na mwanamke wa nje, hauonekani tena kuwa hekaya tu.

Msomaji wa Mombasa au Unguja ataona na jambo jingine upesi kuliko Mjerumani. Maelekezo ya jukwaa yanaiweka ngome ya Kikombe upande wa kaskazini wa milima ya Hispania, na ngome ya Klingsor upande wa kusini, imeelekea Hispania ya Waarabu. Na Kundry anapoingia mara ya kwanza, mkononi ana dawa ya jeraha aliyoitoa Uarabuni. Dawa na kishawishi vyote vinatoka upande uleule.

Kisha yuko Hermann Levi. Okestra ya onyesho la kwanza ilikuwa ya mfalme Ludwig wa Bavaria, na mwongozaji wake alikuwa Levi, mtoto wa rabi wa Giessen. Wagner alitaka abatizwe kabla ya kuigusa kazi hii. Levi alikataa. Mwaka 1881 ikaja barua isiyo na jina ikimwomba Wagner asiiache kazi yake mikononi mwa Myahudi. Wagner akamwonyesha Levi mwenyewe, Levi akaondoka mjini, akabembelezwa arudi. Akarudi, akaongoza, akaendelea kuiongoza Bayreuth hadi mwaka 1894. Moyoni mwake alihesabu vipi, mimi siwezi kumsemea.

Wanaoitetea opera wanasema, na ni kweli, kwamba hakuna mstari humo unaomtaja Myahudi. Lakini Kundry alimcheka Mkombozi alipokuwa anateswa, na kwa kicheko hicho akalaaniwa kutangatanga karne hata karne bila kufa. Ni hekaya ya Myahudi Mtembezi iliyovishwa gauni. Anaposimulia kosa lake, kwenye neno "nikacheka" sauti inaporomoka karibu oktava mbili, halafu kimya. Ni dakika ya kutisha kuliko zote humu, na hakuna anayeweza kuitunga bila kuumia pamoja na huyo mwanamke. Halafu, mtu yuleyule aliyeitunga, katika Tendo la Tatu lote anampa neno moja la kuimba, mara mbili: "Kutumikia... kutumikia!" Baada ya hapo anaosha miguu, anabatizwa, analia, anakufa. Huruma iliyomwamsha Parsifal kwa busu la Kundry imemponya mfalme. Kundry imempa ruhusa ya kufa.

Kwangu mimi tafsiri ya pili ndiyo iliyo karibu na muziki, ya kwanza ndiyo mavazi yake, na ya tatu ndiyo doa ambalo sabuni ya mbili za kwanza hailitoi. Ndiyo sababu nikipima rekodi au onyesho lolote la Parsifal nauliza kwanza: Kundry amefanywa nini?

Rekodi mbili za jumba moja

Kwa kusikiliza tu, linganisha kwanza rekodi mbili hizi: Hans Knappertsbusch ya mwaka 1962 na Pierre Boulez ya mwaka 1970. Zote zilinaswa Bayreuth, mbele ya watazamaji, kwenye shimo lilelile la okestra lililofunikwa, na katika onyesho lilelile la Wieland Wagner, mjukuu wa mtunzi. Wieland ndiye aliyeirudisha Parsifal Bayreuth mwaka 1951, sherehe zilipofunguliwa tena baada ya vita, jukwaa likiwa karibu tupu na mwanga ukifanya kazi yote. Tupu lile lilikuwa na sababu: mwaka 1934 Parsifal ya hapo ilikuwa imepambwa upya kwa matakwa ya Hitler, na kuta zilihitaji kusuguliwa.

Knappertsbusch anachukua zaidi ya saa 4. Boulez anamaliza kwa saa 3 na dakika 40 hivi. Tofauti ya kama nusu saa kwenye noti zilezile! Wala si suala la haraka na pole tu. Kwa Knappertsbusch, sauti inazaliwa kwenye giza na kukua kama mapambazuko. Hujui chombo kipi kimeanza. Hans Hotter, Gurnemanz wake, ana sauti ya babu anayesimulia jambo aliloliona kwa macho yake, na kengele zikigonga unajikuta umeketi wima. Hii ni Parsifal iliyo misa. Husimuliwa kwamba mzee huyu alidai njiwa wa mwisho, yule anayeandikwa kwenye maelekezo ya jukwaa, asiondolewe. Wieland akamshusha njiwa kiasi ambacho mwongozaji peke yake ndiye aliyemwona kutoka shimoni, watazamaji hawakuona kitu. Kila mtu akarudi nyumbani na dini yake.

Boulez hakuja kusali. Alikuwa mtunzi wa muziki wa kisasa, Mfaransa, na anaipasua okestra ile kama fundi saa: kila gurudumu linaonekana. Ibada ya Tendo la Kwanza kwake ni msafara unaotembea, na hapo mwanakwaya anaweza kukasirika. Mimi nilikasirika. Ila Tendo la Pili linawaka. Kundry wake, Gwyneth Jones, si mwimbaji nadhifu, sauti inayumba, lakini yule ni mwanamke anayekimbizwa na kicheko chake mwenyewe, hukai ukimwangalia kama picha ya mtakatifu. Irene Dalis wa mwaka 1962 anaimba kwa usafi zaidi, na usafi hapo ndio unaompunguza. Kwa hiyo kwa kipimo changu Boulez anashinda Tendo la Pili, na Knappertsbusch anashinda mawili yaliyobaki. Ukilazimika kununua moja, na wewe ni mtu wa kanisa, chukua ya mwaka 1962. Ukiwa mtu wa tamthilia, au hukai kitako saa moja na robo bila kitu kutokea, ya mwaka 1970.

Ya Herbert von Karajan na okestra ya Berlin, iliyorekodiwa studio mwaka 1979 na 1980, ina sauti nzuri mno, kama hariri iliyopigwa pasi, na hapo ndipo shaka yangu ilipo: hata uchungu wa Amfortas umepata mng'aro. Anayetaka njia ya kati amtafute Rafael Kubelik wa Munich, mwaka 1980. Ilikaa kabatini zaidi ya miaka 20 kabla ya kutolewa mwaka 2003. Kurt Moll ni Gurnemanz, James King ni Parsifal, Yvonne Minton ni Kundry, na hakuna anayejikweza. Ningekuwa nampa mgeni asiyejua anachokitaka, ningempa hii na kunyamaza.

Ukitaka kuona kwa macho

Video ni jambo jingine, kwa kuwa hapo mwelekezi wa jukwaa anaamua kile ambacho muziki umeacha wazi.

Onyesho la Otto Schenk la jumba la opera la Metropolitan, New York, na James Levine akiongoza (1992), linafuata maelekezo ya Wagner karibu neno kwa neno: msitu ni msitu, Kikombe kinang'aa, Kundry anaanguka na kufa kama ilivyoandikwa. Waltraud Meier ni Kundry wa kukumbukwa, na Kurt Moll yumo tena. Ni pazuri kwa kuanzia hadithi. Usitegemee likuulize swali.

Miaka 21 baadaye Metropolitan ileile ilirusha la François Girard, Daniele Gatti akiongoza na Jonas Kaufmann akiwa Parsifal. Ardhi kavu imepasuka kwa ufa. Wanaume wameketi upande mmoja, wanawake wamesimama upande wa pili na migongo, kama kwenye misikiti na makanisa mengi tunayoyajua. Bustani ya Klingsor ni dimbwi la damu linalofika vifundoni. Mwishoni mstari ule wa wanaume na wanawake unavunjika, na Kundry anafikishwa kwenye Kikombe chenyewe. Girard hakubadilisha noti hata moja, alihamisha watu tu, na doa nililolisema likawa ndilo somo la jioni nzima. Hili ndilo ninalolirudia. Peter Mattei kama Amfortas anaimba maumivu bila kuyapamba, Karajan angemsikia.

La Uwe Eric Laufenberg la Bayreuth, 2016, ni gumu kulishauri na gumu kulinyamazia. Kikombe kiko kwenye kanisa lililobomolewa na vita vya Mashariki ya Kati, wakimbizi wamelala sakafuni, wasichana-maua wanaingia wamejifunika nguo nyeusi kisha wanazivua. Mwislamu ana haki ya kuliona hilo la nguo kuwa la rahisi mno, kama mzaha wa mtu aliyepita sokoni mara moja. Lakini mwisho wake: waumini wa dini mbalimbali wanakuja na alama zao na kuziweka ndani ya jeneza la mzee Titurel, baba yake Amfortas, na taa za ukumbini zinawashwa juu ya watazamaji wenyewe. Kwa maoni yangu wazo hilo lingependeza zaidi kama muziki usingekuwa unasema kinyume. Kwaya inashuka kutoka juu kama mvua ya masika, na jukwaani watu wanazika vitabu.

Nikolaus Lehnhoff (Baden-Baden, 2004, Kent Nagano akiongoza) alikataa kabisa kumuua Kundry. Waltraud Meier, tena, anatoka akitangulia kwenye reli inayopotelea kwenye mwanga, na Parsifal anamfuata. Wapenzi wa maandiko ya Wagner walinuna. Na ipo filamu ya Hans-Jürgen Syberberg ya mwaka 1982, jukwaa lake likiwa kinyago kikubwa cha uso wa Wagner aliyekufa, jeraha likibebwa juu ya mto kama mgeni wa heshima, na Parsifal akigeuka msichana baada ya busu. Hiyo ni ya watu walioiona Parsifal mara tatu. Usianzie hapo, utaichukia bure.

Namna ya kuila

Usijaribu kuimaliza kwa kikao kimoja. Bayreuth wenyewe wanapumzika saa nzima baina ya tendo na tendo, wanakula soseji. Sikiliza utangulizi peke yake mara mbili siku ya kwanza, kama dakika 12 hadi 15 hivi kutegemea mwongozaji, mpaka uweze kuimba ile melodia ya kwanza kwa midomo imefumba. Siku ya pili nenda moja kwa moja kwenye busu la Tendo la Pili uendelee hadi mwisho wa tendo. Ndipo urudi mwanzo. Maneno yake utayapata kwa Kijerumani na tafsiri ya Kiingereza bila gharama. Manukuu ya Kiswahili kwenye video usiyatarajie. Anayetaka sehemu moja tu ya kuisikiliza Ijumaa Kuu, achukue ile ya Tendo la Tatu ambapo Parsifal anashangaa mbuga kupendeza siku ya majonzi kama ile, na Gurnemanz anamjibu kwamba machozi ya waliotubu ndiyo umande wake. Hapo zumari linaimba juu ya fidla zilizotulia, na hata Boulez anapunguza mwendo.

Halafu kuna suala la makofi, ambalo mgeni hulikosea. Mwaka 1882 Wagner aliomba waimbaji wasitoke kuinama mbele ya pazia katikati ya maonyesho, ili hali ya jukwaa isivunjike. Watazamaji wakaelewa kwamba makofi yamepigwa marufuku kabisa. Ikabidi mwenyewe asimame kuwaeleza, na alipoeleza wakachanganyikiwa zaidi. Mpaka leo kuna kumbi ambazo ukipiga makofi baada ya Tendo la Kwanza utaangaliwa kama mtu aliyepiga makofi kwenye komunyo. Wanaosimulia habari za mwaka ule wanasema siku moja wasichana-maua walipomaliza kuimba, sauti ilisikika gizani ikiwashangilia, "Bravo!", na watu wa pale wakaizomea inyamaze. Aliyezomewa alikuwa Wagner.